Sisi Ni Wadogo, Nani Atatuona?



Wapendwa vijana, leo nataka tuzungumze juu ya sentensi moja ambayo nimeisema mara nyingi maishani, na nadhani hata wewe umewahi kuisema: "Sisi ni wadogo, nani atatuona?" Tunaisema tukinakili kazi ya chuo. Tunaisema tukipewa karatasi ya kusaini kazini na tunajua kabisa haijakaa sawa. Wakubwa wanaiba mabilioni, mimi na elfu kumi yangu nitaharibu nini?

Nikiri mapema: niliwahi kumpa kijana mmoja sentensi hiyo kama ushauri wa kiroho, nikiwa nimevaa kanzu. Matokeo yake hayakuwa mazuri, na nitawasimulia. Lakini kilichonifungua macho ni filamu, tena filamu ya vyombo vya angani. Kwa hiyo nivumilieni, twende kwanza huko juu, halafu tutarudi chini.

Mgodi unaoelea mawinguni

Wengi mnaijua Star Wars. Filamu yake ya The Empire Strikes Back ilitoka mwaka 1980, ikaongozwa na Irvin Kershner kutokana na hadithi ya George Lucas. Kwa asiyeijua: kuna Dola kubwa inayotawala sayari nyingi kwa hofu, na kuna waasi wachache wanaopambana nayo. Han Solo na Binti Mfalme Leia wanaikimbia Dola hiyo, chombo chao ni kibovu, wanaamua kuomba hifadhi kwa rafiki wa zamani wa Han anayeitwa Lando Calrissian.

Lando ni mkuu wa Cloud City, mji unaoelea juu ya mawingu ya sayari iitwayo Bespin. Mji huo unaishi kwa kuvuna gesi ya Tibanna. Kwa hiyo ule ni mgodi, ingawa hauna shimo wala vumbi. Na Lando anaongea kama mwenye mgodi mdogo yeyote unayemjua: vifaa havifiki kwa wakati, wafanyakazi wanasumbua, mapato si kama alivyotegemea. Kisha anaeleza kwamba kwa kuwa shughuli yao ni ndogo, haiko chini ya mamlaka ya Dola.

Leia, mtu aliyelelewa kwenye siasa, anamuuliza swali la akili: basi ninyi ni wanachama wa Mining Guild? Hicho ni Chama cha Madini, chombo kinachosimamia uchimbaji katika ulimwengu ule. Lando anajibu kwamba hapana, hata huko hawamo. Wao ni wadogo kiasi cha kutoonekana. Tena anaongeza kwamba hali hiyo inawafaa wote, maana hata wateja wao ni watu wasiopenda kuangaliwa sana.

Maongezi hayo yanapita kwa sekunde chache tu. Nilikuwa nimeiona filamu hiyo mara mbili au tatu bila kuyatilia maanani. Safari hii nilikuwa naitazama na mafrateri wenzangu jioni moja ya mapumziko, kompyuta ikiwa juu ya meza ya kulia. Lando aliposema vile, wenzangu walicheka kwa sababu ya madaha yake. Mimi nilinyamaza. Niliisikia sauti yangu mwenyewe.

Kwa nini Lando alikikwepa Chama?

Tuwe wa haki kwa Lando. Alikuwa na sababu.

Katika filamu hiyo Chama cha Madini kinatajwa tu na kupita, lakini katika katuni za Star Wars Rebels, zilizoonyeshwa kuanzia 2014 hadi 2018, tunakiona kikiwa kazini. Kinaendesha mitambo ya kusafisha gesi, kina walinzi wake, na kinatumia ndege za kivita za muundo uleule wa Dola, zikiwa zimepakwa rangi ya njano. Fikiria hilo kidogo. Chombo cha kusimamia uchimbaji kinaruka na silaha za mtawala, tofauti ni rangi tu. Katika kipindi kimoja kinawapiga risasi viumbe wakubwa kama nyangumi, wanaoishi angani na kula gesi ileile inayochimbwa, kwa sababu wanasumbua uzalishaji. Katika kipindi kingine, kwenye sayari ya Lothal, mtambo wake mkubwa unaendeshwa kwa nguvu za watumwa.

Hapa falsafa tuliyosoma inapata kazi. Mtakatifu Thomas wa Akwino anafundisha kwamba sheria ni agizo la akili, lililotolewa kwa mafao ya wengi na yule mwenye dhamana ya kuitunza jumuiya, likatangazwa ili watu walijue. Ukiondoa mafao ya wengi, unabaki na amri yenye muhuri. Ndiyo maana anasema sheria zisizo za haki zinafanana na mabavu kuliko sheria. Na kabla yake, Mtakatifu Augustino katika kitabu cha nne cha Mji wa Mungu aliuliza falme zinatofautianaje na magenge makubwa ya wanyang'anyi zikikosa haki. Anasimulia habari za haramia aliyekamatwa na Aleksanda Mkuu. Haramia yule alimwambia mfalme kwamba wote wawili wanafanya kazi moja, ila yeye ana chombo kidogo akaitwa mwizi, na mfalme ana kundi kubwa la meli akaitwa mtawala.

Kwa hiyo Lando akikiangalia Chama cha Madini na kusema "siingii humo", hajakosea kwenye hatua hiyo. Chama cha namna ile ni haramia mwenye meli nyingi.

Lakini tusiruke haraka na kusema kila chombo cha usimamizi ni wizi. Kanisa halifundishi hivyo. Papa Leo XIII katika waraka wake Rerum Novarum wa mwaka 1891 alisikitika kwamba vyama vya kale vya mafundi vilifutwa bila kuwekwa kitu kingine mahali pake, na wafanyakazi wakaachwa peke yao mbele ya uroho wa matajiri. Miaka 40 baadaye Papa Pius XI akaeleza kanuni auni: jambo ambalo wadogo wanaweza kulifanya wenyewe, mkubwa asiwapore, bali awasaidie. Ukiyaweka mafundisho hayo pamoja unaona kwamba chama cha wachimbaji ni kitu chema kwa asili yake. Mchimbaji mmoja hana sauti, lakini mia moja wenye sheria yao na mizani yao wanayo. Kwa nchi yetu hapa, leseni ya mchimbaji mdogo ina maana hiyo hiyo: inampa mtu jina, eneo na mahali pa kwenda kulalamika.

Kwa maneno mengine, Chama cha Madini cha Star Wars ni kitu chema kilichooza. Na tunapokutana na kitu chema kilichooza, tunajiuliza: nifanye nini? Lando akachagua kujificha.

Kisha mlango ukafunguliwa

Han anamuuliza Lando swali la kirafiki: huogopi kwamba Dola itagundua shughuli yako na kuifunga? Lando anajibu kwamba hatari hiyo imekuwepo siku zote, kama kivuli juu ya kila walichojenga. Ila sasa amepata dili. Dili hilo litaiweka Dola mbali na mji wake daima.

Mlango unafunguka. Ndani, mezani, ameketi Darth Vader.

Dola ilikuwa imefika muda mfupi kabla ya wageni. Ule udogo wote haukusaidia kitu. Lando aliambiwa awatoe rafiki zake ili mji wake uachwe, naye akakubali. Halafu tazama dili linavyokwenda. Kwanza Han atakabidhiwa kwa mwindaji anayetafuta zawadi. Lando analalamika kwamba hilo halikuwemo. Kisha Leia na mwenzao Chewbacca hawataruhusiwa kuondoka mjini, nalo halikuwemo. Vader anamwuliza kama anahisi ameonewa. Lando anameza mate, anasema hapana. Han anagandishwa akiwa hai ndani ya kaboniti, kwa mtambo wa mgodi wenyewe, mtambo ambao Lando anakiri haukutengenezwa kwa ajili ya binadamu na unaweza kumuua. Mwisho Vader anawachukua hata Leia na Chewbacca. Lando anapomkumbusha makubaliano yao, Vader anamjulisha kwamba makubaliano yamebadilishwa na aombe yasibadilishwe tena.

Hapo ndipo nilipoelewa kitu ambacho sikukipata darasani. Anayejificha anadhani ameikimbia sheria mbovu. Ukweli ni kwamba ameikimbia sheria yote, hata ile ambayo ingemlinda. Lando hakuwa na chama cha kumpigia kelele, hakuwa na shahidi, hakuwa na jirani anayejua mambo yake. Hata wateja wake walikuwa watu wa kujificha. Nani kati yao angejitokeza kumtetea? Mwenye nguvu alipogeuza maneno, hapakuwa na mtu wa tatu chumbani.

Basi maficho yake yalimnufaisha Vader kuliko yeye.

Madaftari mawili

Sasa nirudi chini, kwenye kosa langu.

Nikiwa kwenye mwaka wa kichungaji, katika parokia moja ya Kanda ya Ziwa, kulikuwa na kijana wa kwaya, mtu mpole, amemaliza kidato cha nne, ana mama na wadogo zake wawili wanaomtegemea. Alipata kazi ya ukarani kwenye duara la dhahabu la mtu binafsi. Kazi yake ilikuwa kuhesabu mifuko ya mawe inayotoka shimoni kabla haijapelekwa karasha. Mwisho, baada ya gharama kuondolewa, mgao unafanyika kwa hesabu hiyo: wa mwenye duara na wa wachimbaji.

Baada ya wiki kadhaa alinifuata baada ya mazoezi ya kwaya. "Frateri, nina swali." Akaniambia amepewa madaftari mawili. Ikitoka mifuko 30, kwenye daftari la bosi anaandika 30, na kwenye daftari la kusomwa siku ya mgao anaandika 24. Wachimbaji hawajui. Wanatoka chini wamechoka, wanataka kula na kulala, wanamwamini kwa sababu anaimba kanisani.

"Nifanyeje, Frateri?"

Nilikuwa na digrii ya falsafa. Nilikuwa nimeandika kurasa nyingi juu ya haki. Nikamwambia: "Wewe ni karani tu. Mwenye dhambi ni anayekutuma. Shika kazi yako, mama yako anakutegemea. Sali, Mungu atafungua njia."

Nilidhani hiyo ni huruma. Nikiwa mkweli, niliogopa. Mwenye duara alikuwa mtu anayejulikana, anayechangia. Sikutaka kuanzisha jambo parokiani ambako mimi mwenyewe nilikuwa mgeni wa mwaka mmoja. Na mimi nilikuwa nasema, "Mimi ni frateri tu."

Miezi minne baadaye wachimbaji walianza kuhesabu mifuko yao wenyewe kimyakimya, kwa kuweka vijiwe kwenye kopo. Siku ya mgao hesabu zikagongana, ukawa ugomvi mkubwa. Mwenye duara akaulizwa. Akasema yeye hajui kusoma vizuri, daftari ni la karani, mwandiko ni wa karani. Na kweli mwandiko ulikuwa wa yule kijana, kwenye madaftari yote mawili. Alinusurika kupigwa kwa sababu mzee mmoja alisimama mbele yake. Kazi ikaisha siku hiyo, na kwenye kwaya hakurudi. Nilipomfuata nyumbani kwao kumwomba msamaha, aliniambia jambo moja ambalo bado linanisumbua: "Frateri, mimi nilijua si sawa. Nilikuja kwako ili nipate nguvu, ukanipa ruhusa."

Nani aliyeshiriki?

Tukae hapo kidogo, maana ndipo lilipo swali la maadili. Je, mtu mdogo ndani ya mfumo mbovu ana hatia?

Mafundisho ya maadili ya Kanisa yanatofautisha namna za kushiriki uovu wa mwingine. Kuna anayeshiriki kwa utashi, yaani anautaka uovu ule. Kuna anayeshiriki kwa kazi ya mikono tu, moyo wake ukikataa. Na hapo napo kuna daraja: mpishi anayewapikia wachimbaji kwenye duara lile yuko mbali na wizi, anayeandika namba ya uongo ndiye wizi unapopitia. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 1868, inasema tuna wajibu juu ya dhambi za wengine tunapozishiriki moja kwa moja na kwa hiari, tunapoziamuru au kuzisifu, tunapoacha kuzifichua au kuzizuia wakati tuna wajibu wa kufanya hivyo, na tunapowalinda watenda maovu.

Kwa kipimo hicho yule kijana alikuwa na sehemu yake. Shida ya nyumbani inapunguza uzito wa kosa lake, na mimi ni wa mwisho kumrushia jiwe. Lakini nilipomwambia "wewe ni karani tu", sikumwondolea hatia, nilimwondolea heshima. Nilimwambia kwamba mkono wake haukuwa wake. Mtu asiyeweza kutenda kosa hawezi pia kutenda jema. Huwezi kumwambia kijana "Mungu anakuita kwa jina" Jumapili, halafu Jumatatu umwambie kwamba yeye ni kalamu ya bosi.

Mtakatifu Yohane Paulo II, katika waraka wake Sollicitudo Rei Socialis wa mwaka 1987, alizungumzia miundo ya dhambi. Lakini alisisitiza kwamba miundo hiyo ina mizizi katika dhambi za watu, mmoja mmoja, na watu ndio wanaoifanya iendelee kusimama. Chama cha Madini cha kwenye filamu hakina mikono. Mikono ni ya walinzi, makarani, marubani wa zile ndege za njano. Kila mmoja wao ni mdogo. Dola nzima imejengwa kwa watu wanaosema, "Mimi ni mdogo tu."

Papa Fransisko alipofika Kinshasa mwishoni mwa Januari 2023, aliwaambia wakubwa wa dunia waondoe mikono yao juu ya Kongo na juu ya Afrika, kwamba bara letu si mgodi wa kunyonywa. Tulipiga makofi sana, na tulikuwa na haki ya kupiga. Ila mikono haiwi ya wageni peke yao. Kwenye njia ya jiwe kutoka shimoni hadi sokoni kuna mikono mingi, na mingine ni yetu.

"Lakini Frateri, wewe unakula seminari"

Najua kuna anayesoma hapa na kusema: ni rahisi kwako. Chakula unapikiwa, kodi hulipi, huna mtoto. Ungekuwa na njaa ungeandika namba yoyote.

Ni kweli, na siwezi kuikwepa hoja hiyo. Ndiyo maana sisemi kwamba yule kijana alipaswa kulichana daftari mbele ya bosi siku ileile na kurudi nyumbani mikono mitupu. Kanisa linaheshimu ushujaa, lakini linajua pia busara ni fadhila. Mtu anaweza kutafuta kazi nyingine kwanza. Anaweza kuwaambia wachimbaji: siku ya kuhesabu, mmoja wenu awe anasimama hapa nami. Hapo hajamtukana bosi, lakini amemleta mtu wa tatu chumbani. Anaweza kutafuta wenzake, kwa sababu sauti moja inazimwa haraka kuliko kumi. Na mimi ningeweza kuzungumza na Paroko, ningeweza kuomba jumuiya ndogondogo imsaidie mama yake kwa miezi miwili wakati mwanawe anatafuta kazi. Hilo ndilo lililokuwa jukumu langu. Nilimwachia mzigo peke yake, halafu nikamwambia asali.

Kwa hiyo hoja ya njaa ni ya kweli, na inatuuma sote. Ukiona kijana wa kwenye jumuiya yako anauza dhamiri yake ili wadogo zake wale, usianze na hotuba. Uliza kwanza jumuiya ilikuwa wapi.

Siku Lando alipoonekana

Filamu haimwachi Lando pale alipoanguka. Baada ya makubaliano kugeuzwa mara ya mwisho, anawageuka askari wa Dola, anawafungua Leia na Chewbacca. Chewbacca anamkaba koo, na kusema kweli alistahili. Halafu Lando anafanya jambo ambalo watazamaji wengi hulisahau: anatumia vipaza sauti vya mji mzima, anajitaja jina, anawatangazia watu wote kwamba Dola imeuteka mji, na anawashauri waondoke kabla askari wengine hawajafika.

Mtu ambaye maisha yake yote yalikuwa kutoonekana, sasa anajitaja mbele ya kila mtu. Kwa tangazo hilo anapoteza mgodi, cheo na mji. Lakini ni mara ya kwanza anafanya kazi halisi ya mkuu wa mji: kuwatunza watu wake kwa kuwaambia ukweli. Kumbuka maneno ya Mtakatifu Thomas: sheria hutangazwa, na hutolewa na mwenye dhamana ya jumuiya. Dili la chumbani lilikuwa siri. Tangazo lilikuwa la wote. Katika Return of the Jedi ya mwaka 1983 tunamwona akihatarisha maisha yake kumwokoa Han, rafiki aliyemuuza.

Nami namkumbuka mtu mwingine mdogo, wa kwenye Injili ya Luka sura ya 19. Zakayo alikuwa mkuu wa watoza ushuru, mtu wa Chama kilichooza kabisa: alikusanya kwa niaba ya dola ya Roma na kujinufaisha. Kimo chake kilikuwa kifupi, akapanda juu ya mkuyu ili amwone Yesu. Huenda alidhani majani yanamficha. Yesu akasimama chini yake, akainua macho, akamwita kwa jina.

Angalia kwamba macho ya Yesu hayakuwa kama macho ya Vader. Vader akikuona, unapoteza kila kitu na unabaki mtumwa. Yesu akikuona, unatoa nusu ya mali yako kwa maskini, unarudisha mara nne kwa uliowadhulumu, na unashuka mtini ukiwa mtu huru. Sisi tunaogopa kuonekana kwa sababu tumezoea macho ya aina moja tu.

Kwa hiyo jibu langu la leo kwa ile sentensi ni hili: ni kweli sisi ni wadogo, lakini tunaonekana. Na anayetuona hatuoni ili atukamate. Anatuona kama watu ambao mkono wao una maana, hata ukishika kalamu ya bei ndogo kwenye kibanda cha mabati kando ya duara.

Yule kijana tunawasiliana bado. Aliwarudia wale wachimbaji mwenyewe, sikumtuma mimi, akawaomba radhi mmoja mmoja. Wengine walimpokea, mmoja alimfukuza. Sasa anauza vocha na kuchaji simu za watu pale senta, na kwenye kwaya amerudi, sauti ya tatu. Mimi najifunza kutoka kwake.

Maswali ya kutafakari wiki hii

1. Ni wapi katika maisha yangu nina "madaftari mawili"?
2. Ni nani aliyekuja kwangu kutafuta nguvu, nami nikampa ruhusa?
3. Katika jumuiya yangu, ni kijana gani tunaweza kumsaidia ili asilazimike kuchagua kati ya dhamiri na chakula?

Tusali

Ee Bwana Yesu, uliyemwona Zakayo juu ya mti, utuone na sisi mahali tunapojificha. Utuondolee hofu ya kuonekana. Uwape wachimbaji wote mizani ya haki na kurudi salama kutoka chini ya ardhi. Utupe ujasiri wa kuandika namba iliyo ya kweli, na wenzetu wa kusimama nasi tunapoiandika. Mtakatifu Barbara, msimamizi wa wachimbaji madini, utuombee. Amina.

Mbarikiwe sana. Mniombee nami nidumu katika wito.

Frateri wenu